Hadi Mahakama Itakapoinuka

Amri ile niliipeleka mimi, mara nne,
kwa baiskeli hadi stesheni, kwa treni hadi Bhubaneswar,
ndani ya mfuko wa plastiki, sababu ya mvua za Julai.
Mara ya kwanza karani alisema bwana mkubwa yuko mkutanoni.
Mara ya pili, bwana mkubwa yuko safarini.
Mara ya tatu niliiona miguu yake chini ya pazia,
soksi za kijivu, kidole gumba kikichezacheza,
na karani bado anasema safarini.
Mara ya nne alitia sahihi mwenyewe, bila kusoma,
kama mtu anayempokelea jirani mzigo.

Mimi ni tarishi. Sijui sheria, najua milango.
Najua karatasi ya jaji ina uzito uleule
wa karatasi ya kufungia karanga
mpaka apatikane wa kuiogopa.

Kuntala Swain alidai kiinua mgongo cha mumewe,
aliyeendesha pampu ya mfereji miaka thelathini na mmoja
akafa na ufunguo wa pampu mfukoni.
Ufunguo, idara iliudai kwa barua ndani ya wiki.
Pesa, miaka sita.
Kiinua mgongo! Na wa kwake ulishapinda
kwa kupepeta bisi za mchele alizouza nje ya geti letu
siku ambazo kesi haikutajwa.

Kesi alishinda mapema. Wakili wake aligawa laddu.
Nami nilikula, nikafuta vidole kwenye suruali.
Kumbe kushinda ni kuonyeshwa sufuria;
kupakuliwa ni kesi nyingine.

Basi Jumatano moja wakamleta,
Bwana Bidyadhar Senapati, shati limepigwa pasi mpaka linang'aa,
na hati ya kiapo ya kurasa kumi na tisa,
kila ukurasa unaomba radhi,
hakuna hata mmoja unaolipa.

Jaji Nirupama Rath hakupandisha sauti.
Alivua miwani, akaifuta, akaivaa.
"Faini rupia elfu mbili. Na kifungo:
utaketi humu hadi mahakama itakapoinuka."

Mawakili vijana walichekea ndani ya mikono ya majoho.
Kuketi tu! Hata mtoto wa chekechea huadhibiwa zaidi.
Lakini mimi nilikuwa nyuma yake, nikaiona shingo,
jinsi ilivyoingia ndani ya kola kidogo kidogo
kila mlango ulipofunguliwa na mtu aliyemjua.
Simu yake ilikuwa kwenye droo yangu,
ikitetemeka kama mende aliyepinduliwa.

Saa saba na nusu jaji aliinuka kwenda kula.
Naye akainuka nusu, mkono kwenye mkoba.
"Bado, bwana," nikamnong'oneza.
"Hiyo ni njaa. Siyo mahakama."

Alasiri feni ilizimika. Kesi ya mpaka wa shamba,
kesi ya ng'ombe, kesi ya mtu aliyesahau kwa nini alishtaki.
Kuntala alikuwa kwenye benchi lilelile,
mwavuli magotini, akimtazama bwana anavyojisogeza
kuelekea mwisho wa ubao, penye ukuta wa kuegemea.
"Usikae hapo," akamwambia. "Pana msumari."

Yeye angeukosaje kuujua? Ulimtoboa sari mbili.

Bwana akasogea.
Bila rufaa, bila kuomba siku nyingine,
bila kuuliza kifungu gani cha kanuni.

Saa kumi na robo mahakama iliinuka, sote tukasimama.
Nikampa simu yake. Hakunitazama; alikwenda haraka,
soksi zilezile, au nyingine za kijivu.

Mfagiaji akaanza upande wa madirisha.
Kuntala Swain, ambaye hakuhukumiwa kitu,
alikuwa ameketi tena,
akisubiri nakala ipigwe chapa na igongwe muhuri,
na ufagio ukaizunguka miguu yake
kama unavyozizunguka nguzo.